Raoul Coutard: sifa ni zake au za Godard?

Kila ikitajwa À bout de souffle, filamu ya Kifaransa ya 1960, watu wanasema dairekta wake Jean-Luc Godard kaipindua sinema, sawa, ila kamera alishika Raoul Coutard, na huyo jamaa alitokea kwenye vita siyo studio, kaishi Vietnam kama miaka 11, kapiga picha za vita vya Indochina mpaka zikatoka kwenye jarida la Paris Match. Wala Godard hakumchagua, alikuwa na mtu wake, prodyuza Georges de Beauregard ndo akamleta Coutard.

Sasa wanaompunguzia sifa wana hoja, na siyo ya kijinga. Wanasema mzee alifuata maelekezo tu, Godard ndo hakutaka taa wala stendi, anataka kamera mkononi, barabarani, Paris hiyohiyo ilivyo. Mkanda wenyewe Ilford HPS ulikuwa wa kamera za picha za kawaida, unauzwa vipande vya mita 17.5, wakawa wanaviunga kimoja kimoja ndo viingie kwenye Cameflex, kamera yao ya filamu, na hiyo Cameflex ina kelele balaa so sauti ikaja kuwekwa baadaye. Reli za kutelezeshea kamera hawana, Coutard kakaa kwenye kiti cha magurudumu, Godard anasukuma. Ukiitazama hivyo utasema ni bajeti ndogo iliyogeuka staili, mtu yeyote angeweza.

Hapo kwenye mtu yeyote ndo nakataa. Aliyezoea kushuti risasi zinapita hasubiri mwanga umfuate, anausoma ulipo anabonyeza. Halafu ndani ya nyumba alikuwa anazielekeza taa juu darini, mwanga unarudi chini umetapakaa chumba kizima, mwigizaji anatembea anapotaka bila kuhofia kuingia gizani, na hiyo ni akili ya fundi kabisa. Alafu nenda kaone Le Mépris ya Godard ya 1963, rangi, skrini pana, bahari ya kisiwa cha Capri Italia, kamera inateleza taratibu mpaka unasahau ni mtu yuleyule. Na bado kuna filamu alizoshutia madairekta wengine, Jules et Jim ya Truffaut, Z ya Costa-Gavras, huko Godard hayupo!

Ila nikiri kitu, alipokaa mwenyewe kwenye kiti cha dairekta na Hoa-Binh ya 1970, kuhusu watoto wa Vietnam, tamasha la filamu la Cannes walimpa tuzo ya filamu ya kwanza lakini leo huisikii ikitajwa, nadhani jamaa alikuwa anahitaji mkorofi wa kumsumbua ndo atoe vitu vyake vyote. Upande wa Godard nao ni hivyohivyo, baada ya filamu yao Week-end ya 1967 wakaachana miaka na miaka, halafu Godard anatengeneza Passion, muvi ya dairekta ambaye kila akishuti analalamika mwanga haujakaa sawa, akamrudia Coutard. Cannes 1982 ile tuzo ya ufundi ikaenda kwa Coutard.