Umelipa Nauli Kwenda Kuangalia Mawe

Brosha ya safari ya siku moja kwenda magofu ya Engaruka haikosi vitu vitatu: mlima Ol Doinyo Lengai, twiga, na kijana wa Kimaasai aliyeruka juu. Magofu yenyewe, ambayo ndiyo unayalipia, huyaoni. Na si bahati mbaya. Ukiyapiga picha saa saba mchana yanatoka mawe. Unamrushia shemeji kwenye simu, anakujibu, "Hongera, mmeanza kujenga?"

Engaruka haina kosa. Pale kuna kazi ya watu waliochukua ardhi kavu chini ya ukingo wa Bonde la Ufa, wakailima kwa mifereji tangu karne ya 15 hivi mpaka ya 18, bila saruji, bila pampu na bila mfadhili. Mwenye kosa ni ratiba. Ratiba imeandikwa na mtu aliyekaa ofisini chini ya feni, akapima barabara kwa rula, akaona Arusha mpaka Engaruka ni kilomita 180 tu, akaandika "saa tatu asubuhi: kutembelea magofu". Saa tatu! Saa tatu mko Makuyuni mnapanga foleni ya choo.

Maana kuondoka ni saa kumi na mbili, lakini hiyo ni saa kumi na mbili ya kwenye karatasi. Gari linakuja na nusu. Halafu linaanza kuokota watu: mmoja Njiro, mwingine Sakina, na pande hizo mbili za mji hazisalimiani. Wa tatu anasema kwenye simu "nipo nje hapa", na nyuma yake unasikia maji ya bafuni. Mkishatimia, mnaingia sheli. Gari la safari halijazwi mafuta jana yake hata siku moja. Lingejazwa jana, abiria wangesubiria wapi?

Kuanzia hapo ni lami mpaka Makuyuni, kilomita kama 80. Pale wa Babati ananyoosha, ninyi mnakata kulia kwenda Mto wa Mbu. Kila kijiji ni spidi 50, na trafiki wa hapo huwa hana haraka. Mto wa Mbu mtasimama kununua ndizi nyekundu, na nawasihi: mtumie na choo. Hata kama hujabanwa, jilazimishe. Mbele ya hapo ni vichaka, na vichaka vya huko vina miiba.

Toka Mto wa Mbu mnageuka kaskazini, ukingo wa bonde uko kushoto, mnapita Selela. Kilomita kama 60 zimebaki, na mtu wa mjini anapiga hesabu ya dakika arobaini. Weka saa mbili. Ardhi ya huku ni jivu la volkano, vumbi lake laini kuliko poda ya mtoto, linapenya hadi kwenye saa ya mkononi. Ukifunga kioo unachemka, ukifungua unakula udongo. Dereva anayejua kazi hafuati gari la mbele kwa karibu. Anaacha vumbi litulie kwanza, hata mita mia mbili. Asiyejua anafukuzana nalo, na mnafika wote mna rangi moja, huwezi kujua nani mgeni nani mwenyeji. Simu na kamera zitiwe kwenye mfuko wa plastiki wenye zipu kabla hamjaiacha lami. Baada ya hapo unafungia vumbi ndani.

Halafu matairi. Barabara ina mawe ya volkano yenye makali, na yanapenda kukata ubavu wa tairi, siyo uso. Uso unazibika, ubavu ukichanika tairi limekwenda. Kwa hiyo gari liwe na spea mbili, na kabla ya kupanda, zibonyeze kwa mkono wako mwenyewe. Dereva atakuangalia vibaya, mwache aangalie. Uliza jeki iko wapi, spana ya nati iko wapi, na kipande cha ubao kiko wapi. Ubao ndio wanaousahau. Bila ubao, jeki kwenye mchanga haiinui gari, inajizika yenyewe. Mtasimama juani abiria saba, kila mmoja fundi wa maneno, mkitafuta jiwe bapa katika nchi nzima iliyojaa mawe ya mviringo.

Na kama ni masika, Machi mpaka Mei, ongezeni makorongo. Asubuhi mmelivuka kavu, mvua ikanyesha kule juu milimani kwenye nyanda za Ngorongoro, jioni mnakuta linakoroma. Dawa yake ni kukaa. Maji hayo huja kwa kishindo na hupungua ndani ya saa moja au mbili. Dereva ashuke, avuke kwa miguu, ndipo avushe gari. Akikwambia "naifahamu hii, mzee wangu", shuka wewe.

Njiani kuna mageti ya ushuru. Yapo zaidi ya unavyotarajia, na kila moja lina kitabu chake. Swali la kumuuliza wakala kabla hujatoa hela ni moja tu: "Bei hii ni pamoja na mageti yote na kiingilio cha magofu?" Akijibu "hilo halina shida", basi shida ndiyo hiyo. Aandike.

Mnapita Engaruka Chini, mnapanda Engaruka Juu, saa sita na nusu hiyo. Mwongozaji wa kijijini anawapokea. Wazee wanapewa shikamoo zao, anayejua "supai", salamu ya Kimaasai, anaitumia. Sasa, mtu mwenye akili angesema twendeni kwenye magofu. Ratiba inasema chakula.

Chakula chenyewe ni cha boksi. Paja la kuku lililokaangwa usiku wa jana. Yai la kuchemsha. Keki ndogo kavu. Ndizi iliyolaliwa na juisi. Chumvi haimo, na yai bila chumvi ni adhabu. Mnakula chini ya mgunga karibu na mto, mnamaliza saa saba na robo, jua liko utosini, na ndipo mnaambiwa: "Haya wageni wetu, tupande."

Hapo ndipo penye mgogoro wangu na ratiba. Engaruka haina kasri, haina msikiti, haina mnara. Kuta nyingi za mashamba zinaishia gotini au chini ya hapo. Vitu vifupi hivyo huonekana kwa kivuli chake, na jua la huko, nyuzi chache tu kusini mwa ikweta, mchana halitoi kivuli. Hata Mjerumani Gustav Fischer alipopita mwaka 1883 aliandika kwamba mawe yale mengine yalimjia mithili ya magogo yaliyooza, mengine kuta za ngome zilizobomoka. Huyo alikuwa mtaalamu wa viumbe na mimea, sembuse wewe wa Njiro mwenye yai moja tumboni.

Ndiyo maana mazungumzo ya saa saba mchana yanakwenda hivi. Mwongozaji: "Hapa palikuwa na nyumba." Abiria: "Wapi?" Mwongozaji: "Umesimama sebuleni."

Na ni kweli. Kwenye mteremko walichimba kwa upande wa juu, wakajaza upande wa chini, mbele wakaegemeza ukuta wa mawe makavu. Ukipata kibaraza tambarare katikati ya mteremko, chenye mawe yaliyopangwa kwa mbele, hicho ni kiwanja cha nyumba. Nyumba yenyewe ya miti na nyasi ilishaliwa na mchwa zamani. Katikati ya viwanja kuna vijia vyembamba. Vijiji vya namna hiyo vilikuwa saba, vimejipanga chini ya ukingo. Brosha inasema mtaviona. Kwa muda mliobakiwa nao mtaona kimoja, na cha pili mtaonyeshwa kwa kidole.

Vijiji vilikaa mteremkoni, tambarare ikaachiwa mashamba, kama hekta 2,000 kwa jumla. Sasa shuka huko, usitazame jiwe mojamoja, tazama mstari. Mistari ya mawe imekwenda sambamba, inakatwa na mingine, inagawa vishamba vidogo vya mraba vilivyosawazishwa ili maji yasikimbie. Malundo ya mawe ni yale waliyookota wakati wa kusafisha shamba. Duara kubwa la mawe katikati ya mashamba wengi wanalisoma kuwa zizi. Mistari miwili iliyokaribiana, inayoteremka taratibu mno kiasi kwamba macho yanabisha, ndiyo mfereji. Watafiti walipochimba walikuta pia kwamba baadhi ya vishamba havikulimwa kwenye udongo uliokuwapo: walizuia maji ya mto kwa mawe, tope likatuama, wakapandisha ukuta, tope likajaa tena. Yaani walitengeneza shamba kwanza, ndipo wakalima. Zao lililothibitishwa ni mtama, punje zake zilizoungua zilikutwa.

Mambo hayo mwongozaji anayajua yote. Lakini kumwuliza hapewi mtu nafasi, kwa sababu kila gari lina mzee wa siti ya mbele, naye ana swali moja: "Mfalme wao alikuwa anaitwa nani?" Anajibiwa kwamba hapajaonekana kasri, walikuwa wakulima. Haridhiki. Hela yake ilikuwa ya mfalme. Mwanaakiolojia Louis Leakey alipofanya kazi hapa mwaka 1935 alikisia wakazi kati ya 30,000 na 40,000. Waliomfuata wakapunguza hadi elfu chache. Mzee wa siti ya mbele anashikilia arobaini elfu. Kuhusu kilichowaondoa na walikokwenda, wanazuoni wanabishana: maji kupungua, ardhi kuchoka, wafugaji kuingia. Ndani ya gari hawabishani, kila mtu ana uhakika wake. La kushika ni kwamba Wasonjo, huko magharibi mwa Ziwa Natron, wanamwagilia kwa mifereji ya kijiji mpaka leo, na jina lao halikosi kutajwa katika mjadala huo.

Viatu sasa. Watu wanakuja na ndala! Mawe ya mteremkoni yamelegea, yanageuka chini ya unyayo, unahitaji raba yenye meno au buti. Suruali ndefu, kitambaa kizito. Mti wa kuogopa ni kikwata: mfupi, mkimya, miiba yake midogo imepinda kurudi nyuma. Ukikushika begani, mwili unataka kuchomoka kwenda mbele, na ndivyo shati linavyochanika. Simama. Rudi hatua moja kule ulikotoka, mwiba unalegea, shika kijitawi kwa kucha mbili ukitoe, kisha cha pili, kisha cha tatu. Wenzako watakuwa wameshafika kwenye mfereji. Maji ya kunywa lita tatu kwa kila mtu. Mnayopewa na kampuni ni chupa moja ya nusu lita na tabasamu.

Usipande juu ya kuta. Hazina udongo wa kushikia, jiwe moja likitoka yanafuata na jirani zake. Na kigae ulichokiona, kiache palepale. Kuna Sheria ya Mambo ya Kale ya mwaka 1964, na kigae kikifika kabatini kwako Sakina hakimwambii mtu kitu.

Kinachoniuma zaidi kiko mita chache tu, na ratiba haikitaji. Engaruka Juu watu bado wanalima kwa maji ya mto uleule. Mama anasimama kwenye mfereji, anachota tope na majani kwa jembe, anaziba mdomo mmoja, anafungua mwingine kwa pigo moja, na maji yanageuka kwenda kwenye mahindi ya jirani. Ukisimama dakika kumi hapo, ile mistari ya mawe inaeleweka yote. Lakini dereva ameshawasha gari, anataka kuiona lami kabla ya giza.

Anayetaka kuona kweli alale Mto wa Mbu, aondoke saa kumi na moja alfajiri, afike saa moja. Jua linatoka mashariki, linapiga mteremko kwa ubavu, na kila mstari unajichora. Jioni usiitegemee, maana ukingo uko magharibi na unalimeza jua mapema, magofu yote yanaingia kivulini. Mezeni ratiba yenu ya saa tatu.

Bakshishi ya dereva ni tofauti na ya mwongozaji wa kijijini, na wa kijijini ndiye husahaulika, wakati ndiye aliyewatoa kwenye kokoto akawapeleka sebuleni. Mpe mkononi, usimpitishie dereva. Beba noti za elfu mbili na elfu tano. Ukimnyooshea ya elfu kumi umwombe chenji, wote wawili mtabaki mnaitazama, na ATM ya kukimbilia mliiacha Mto wa Mbu.