Sijamwacha mtu kwa kanga

Naandika haraka kwa sababu mwenzangu wa chomboni ameniwahi, na sasa mwalo mzima wa Kibirizi, hapa Kigoma kwenye Ziwa Tanganyika, unasema nimempa mke wangu talaka ya doti moja. Uongo. Nilikuwa natafuta mapenzi.

Wake wa wavuvi mnanielewa. Giza likiwepo nakesha ziwani na taa. Narudi alfajiri nanuka dagaa, yeye ndiyo anatoka kwenda kuanika. Tunapishana mlangoni kama walinzi. Mbalamwezi ikitoka dagaa hawafuati taa, nabaki nyumbani, na ndipo taabu inapoanza: hatuna la kuongea. Mwaka 2024 ziwa lilipofungwa miezi 3, uvuvi marufuku, tulikaa kama abiria wa reli ya kati, kila mtu na dirisha lake. Ukimuuliza "umelalaje?", anajibu "chai ipo mezani".

Mbalamwezi hii nikasema liwalo na liwe. Nikapanda soko la Mwanga, nikachukua kanga rangi ya mawese, inawaka. Jina? Nani anasoma jina! (Nawaona mnavyoshika vichwa. Ngojeni.)

Nafika, mama mkwe kaja kutoka Ujiji, yuko mkekani na shemeji zangu wawili. Nikaona vizuri zaidi, nimepata mashahidi. Nikamkabidhi mke wangu mbele yao. Alitabasamu, jamani! Mama mkwe akavuta pindo, na kwa kuwa miwani kaisahau Ujiji, akasoma kwa kidole kama mtoto wa chekechea.

"U-ki-cho-ka..."

Natikisa kichwa, najua inakuja "pumzika".

"...ku-ka-a..."

Shemeji mdogo akaacha kutafuna.

"...mla-ngo..."

Hapo ningeinyakua. Mikono ikagoma. Nimesimama natabasamu, meno yote nje, yamekauka.

"...u wa-zi."

Kuku aliyekuwa anadonoa sufuria naye akanyamaza. Mama mkwe akaikunja taratibu, kona kwa kona, akasema kwa upole:

"Baba, si ungetuma mtu tu."

Nikaapa, nikapiga magoti, muuzaji akakataa kubadilisha, mama mkwe akaondoka na samaki, migebuka mitatu, ya fidia. Hayo yakaisha.

Sasa giza limerudi. Leo alfajiri natoka ziwani, namkuta mke wangu kajifunga ile ile, kaketi katikati ya mlango. Nikaomba njia.

"Soma," akasema, ananinyooshea pindo. "Mlango ukoje?"

"Naona umezibwa."

"Basi kaa hapa kwanza."

Dagaa wetu leo wameliona jua saa nne.