Jumla ya mkopo wa nyumba mbona haitajwi?

Kinachoniudhi ni hiki: ukienda kuulizia mkopo wa nyumba, afisa anakutajia rejesho la mwezi tu. Jumla hasemi. Juzi nimekaa na kikokotoo mwenyewe. Shilingi milioni 100, riba asilimia 15 kwa mwaka kwenye salio la deni (yaani kiasi ambacho bado hujalipa), miaka 20: rejesho ni kama milioni 1.32 kila mwezi. Hadi unamaliza umelipa takribani milioni 316! Nyumba moja kwa bei ya nyumba tatu. Tena mwezi wa kwanza milioni 1.25 yote inaliwa na riba, deni lenyewe linapungua elfu 67 hivi. Hapo bado bima na gharama za uthamini. Kwa nini hiyo milioni 316 isiandikwe ukurasa wa kwanza, kwa tarakimu kubwa, kabla mtu hajatia saini?