Malkia wa Mwambakuu asifunge dirisha

Kwa mwaka mzima sasa, sisi marafiki wanne tunaandika hadithi ya ufalme usiokuwepo popote. Tumeuita Mwambakuu: visiwa saba, bahari isiyotulia, na majini wanaolipa ushuru wa bandari kama watu wengine. Jumamosi iliyopita tulifika sura ya tisa, na kwa mara ya kwanza tukaachana tumenuniana. Kilichotugombanisha si vita wala mapenzi. Ni Sheria ya Sarafu.

Kwa ambao hamjaifuata hadithi: mfalme aliyekufa aliandamwa na madeni ya vita, akaanza kupunguza fedha iliyomo ndani ya pezi, sarafu ya nchi. Pezi la zamani lilikuwa na sehemu tisa za fedha katika kumi. La mwisho alilolitoa lilikuwa na nne tu, zilizobaki shaba. Umbo ni lile lile, samaki mgongoni ni yule yule. Wafanyabiashara wa ng'ambo hawakudanganyika. Walishuka gatini na mizani zao wakapima. Wenyeji nao wakaficha mapezi mazuri na kupeleka mabovu sokoni. Malkia mpya anarithi nchi ambayo hata muuza samaki anakataa pesa ya nchi yake.

Kwamba lazima itolewe sarafu mpya, hilo halina ubishi. Wenzangu wanataka ibebe sura ya malkia ili watu waiamini. Mimi naona sura haina uzito huo. Pwani yetu ilihesabu biashara yake kwa reale ya Maria Theresa, mtawala wa Austria ambaye hapa hakuna aliyewahi kumwona. Alikufa mwaka 1780, na sarafu yake ikaendelea kupigwa kwa miaka mingi ikiwa na tarehe ile ile ya 1780. Zanzibar ya karne ya 19 iliipokea kwa sababu fedha iliyomo haikubadilika. Si bure kwamba katika lugha yetu neno fedha ni madini na ni pesa pia.

Ugomvi wenyewe uko kwenye kifungu cha nne: siku ya arobaini tangu mbiu ya mgambo kulia, mapezi yote ya zamani yatakuwa yamekufa. Hayatalipa kodi, hayatanunua kitu, na hazina haitayabadilisha tena. Wenzangu wanasema muda mfupi ndio utakaowanasa watoza ushuru wa mfalme wa zamani, waliojaza mitungi ya mapezi chini ya sakafu zao.

Nayaheshimu mawazo yao, lakini hapa wamekosea. Mtoza ushuru ana mashua, ana watumwa wa kumbebea, ana shemeji hazina. Siku ya kumi atakuwa ameshanunua mashamba na ng'ombe. Tazameni India. Usiku wa tarehe 8 Novemba 2016 noti za rupia 500 na 1000 zilifutwa, na hizo zilikuwa takriban asilimia 86 ya thamani ya pesa taslimu yote iliyokuwa mikononi mwa watu. Lengo mojawapo lilikuwa kuwanasa wenye pesa haramu. Hesabu ilipofungwa, zaidi ya asilimia 99 ya thamani ya noti hizo ilikuwa imerudi benki. Aliyesimama foleni kwa saa nyingi ni kibarua.

Sasa turudi kisiwa cha saba, ambako sisi wenyewe tulimweka bibi mfinyanzi tangu sura ya pili. Ana mapezi kumi na mawili ndani ya kibubu alichokifinyanga kwa mikono yake, akiba ya sanda yake. Tuliandika wenyewe kwamba kisiwa hicho hukatika na dunia miezi miwili kila msimu wa dhoruba. Mbiu italia, na yeye hataisikia. Atavuka siku ya hamsini, atafika dirishani, na ataambiwa mapezi yake yamekufa. Nimeijaribu kuiandika sura hiyo mara tatu na kila mara nashindwa kumfanya malkia huyu aendelee kuwa mtu mwema.

Mmoja wetu alisema bibi ayayeyushe, fedha ni fedha. Lakini kifungu cha sita, tulichokipitisha wote, kinamkata mkono anayeyeyusha sarafu! Na pezi bovu likiyeyushwa, sonara akishachukua ujira wake, kitabaki nini?

Kenya ilitoa miezi minne mwaka 2019, kuanzia tarehe 1 Juni hadi 30 Septemba, watu warudishe noti za zamani za shilingi elfu moja. Ni muda mrefu kuliko siku zetu arobaini, na bado noti zipatazo milioni 7.4 hazikurudi. Nyingine huenda zilikuwa za wezi. Siwezi kuamini kwamba zote zilikuwa zao.

Kuna njia nyingine, na si ndoto. Ujerumani iliacha maki yake ikaingia kwenye yuro, na hadi leo benki kuu yao inabadilisha maki kwa kiwango kile kile, maki 1.95583 kwa yuro moja, bila tarehe ya mwisho. Anayezikuta kwenye koti la marehemu babu yake anazipeleka na kulipwa.

Hivyo napendekeza kifungu cha nne kiandikwe upya. Baada ya siku arobaini pezi la zamani lisipokewe sokoni, sawa, ili sarafu mpya ipate nguvu. Lakini dirisha la hazina libaki wazi daima, na kila bandari iwe na lake. Thamani ihesabiwe kwa mizani iliyowekwa mbele ya mwenye sarafu. Anayeleta mtungi mzima aeleze ameupata wapi, mbele ya kadhi. Anayeleta kumi na mawili asiulizwe.

Tunapiga kura Jumamosi hii baada ya magharibi. Nimeshawatumia wenzangu kurasa mbili za bibi akipanda ngazi za hazina, kibubu kikiwa kwapani, na nimeacha nafasi tupu pale ambapo mlinzi anamjibu.