Grandmasta aachiwe cheo chake

Hoja hii haiishi kurudi miongoni mwetu tunaofuatilia sataranji (chess): magrandmasta, yaani wenye cheo cha juu kabisa cha mchezo huu, wamekuwa wengi mno, wengine wameshachuja, na FIDE, shirikisho la dunia la sataranji, ingefaa iwavue cheo wale ambao reitingi yao, yaani alama za nguvu ya mchezaji, imeporomoka chini ya 2500. Wenye hoja huanza na hesabu. Mwaka 1950 cheo kilipotolewa rasmi kwa mara ya kwanza, waliokipata walikuwa 27 tu. Leo wamepita 1,500.

Naipinga hoja hiyo moja kwa moja. Reitingi inakueleza mchezaji ana nguvu kiasi gani mwezi huu. Cheo kinakueleza alichofanya. Nguvu huja na kuondoka, lakini mashindano aliyoyacheza yameshachezwa na matokeo yake yako kwenye jedwali.

Na alichofanya si kidogo. Kwa njia ya kawaida, anayetaka u-grandmasta lazima afikishe reitingi ya 2500 angalau mara moja, kisha atimize vigezo vitatu katika mashindano tofauti. Kigezo kimoja maana yake ni kucheza michezo tisa kwa kiwango cha mtu mwenye 2600, huku watatu angalau kati ya wapinzani wake wakiwa magrandmasta. Wastani wa wapinzani ukiwa 2380, anahitaji pointi 7 kati ya 9 (ushindi ni pointi moja, sare ni nusu). Pointi 6.5 hazimfikishi popote. Sasa mfikirie anayeingia raundi ya mwisho na pointi 6, anashika nyeusi, na aliyekaa mbele yake ni grandmasta anayetosheka kabisa na sare. Yeye sare haimsaidii kitu. Inabidi aukatae mchezo wa salama, afungue mlango kwa mfalme wake mwenyewe, atafute ushindi mahali ambapo pengine haupo. Baada ya saa tano amefungwa, anasaini karatasi yake, na anarudi kuanza upya kwenye mashindano mengine. Wapo wachezaji wazuri sana walioishia kwenye kigezo cha pili maisha yao yote. Amon Simutowe wa Zambia alishinda mashindano ya Arnhem, Uholanzi, mwaka 2007 ndipo akakamilisha cha tatu, akawa grandmasta wa kwanza kutoka kusini mwa Sahara. Hata reitingi yake ikishuka vipi, Arnhem atakuwa ameshinda.

Suala la wingi lina maelezo yake. Mwaka 1950 mashindano ya kimataifa yalikuwa machache na nchi nyingi hazikuwa na njia ya kuyafikia. Siku hizi kijana anachambua makosa yake kwa programu inayomshinda bingwa wa dunia. Gukesh wa India alipata cheo akiwa na miaka 12, na mwaka 2024 kule Singapore akamshinda bingwa wa wakati huo, Ding Liren wa China, kwa pointi 7.5 kwa 6.5, akawa bingwa wa dunia akiwa na miaka 18. Kwa hali hiyo, idadi isingeweza kubaki ileile. Anayetaka kuwatenga wakali wa leo anayo reitingi ya kumsaidia. Wenye 2700 na zaidi bado ni kikundi kidogo.

Kinachoniogopesha zaidi ni cheo kufuata matokeo. Mark Taimanov alikuwa grandmasta tangu 1952 na bingwa wa Umoja wa Kisovieti mwaka 1956. Mwaka 1971 huko Vancouver alikutana na Mmarekani Bobby Fischer, akafungwa 6–0. Aliporudi nyumbani, wakuu wa nchi yake walimwadhibu: wakampokonya heshima za kitaifa, wakamkatia mshahara na kumzuia kusafiri nje. Wiki chache baadaye Bent Larsen wa Denmark naye akafungwa na Fischer 6–0 vilevile, na Larsen wakati huo alihesabiwa miongoni mwa wachezaji bora kabisa duniani. Ikadhihirika kwamba Taimanov hakuwa amefanya kosa lolote. Alikutana na mtu ambaye mwaka ule hakukamatika. Jambo moja ambalo wakubwa wale hawakuweza kumwondolea ni cheo cha FIDE. Hadi leo tawi la ulinzi wa Kisisilia, namna moja ya mwenye nyeusi kuanza mchezo, linaitwa kwa jina lake.

Halafu kuna Viktor Korchnoi. Huyu alikuwa grandmasta tangu 1956, na mwaka 1978 kule Baguio, Ufilipino, aliwania ubingwa wa dunia akafungwa na bingwa Anatoly Karpov kwa michezo 6 kwa 5, baada ya sare 21. Wengi wangesema hapo ndipo habari yake ilipoishia. Januari 2011, kwenye mashindano ya Gibraltar, akiwa amebakiza miezi miwili kutimiza miaka 80, alimfunga Fabiano Caruana wa miaka 18 ambaye reitingi yake ilikuwa imevuka 2700. Mwaka huohuo akatwaa ubingwa wa Uswisi. Nani alikuwa na haki ya kumwambia mzee yule muda wake umekwisha?

Yuko pia aliyecheleweshewa cheo. Sultan Khan wa Punjab, India ya wakati huo, alifika Uingereza mwaka 1929 na mwaka huohuo akashinda ubingwa wa nchi hiyo. Akaushinda tena 1932 na 1933. Kwenye mashindano ya Hastings, Uingereza, mwishoni mwa 1930, alimfunga Capablanca, bingwa wa zamani wa dunia, mtu ambaye kumfunga hata mara moja ilikuwa habari ya dunia. Kisha akarudi kwao, akaacha mashindano, na orodha ya magrandmasta wa kwanza ya 1950 ikatoka bila jina lake. Alifariki mwaka 1966. FIDE ilimpa u-grandmasta wa heshima mwaka 2024, miaka 58 baadaye. Binafsi nilifurahi kupita kiasi, nikajiuliza kwa nini ilichelewa hivyo, maana majedwali ya Hastings yalikuwepo muda wote.

Je, kuna wakati cheo kinafaa kuondolewa? Upo, na FIDE imeshaonyesha namna ya kufanya. Mwaka 2015 Gaioz Nigalidze wa Georgia alikamatwa kwenye mashindano ya Dubai akiwa ameficha simu msalani, ndani yake mchezo uleule aliokuwa akiucheza ukichambuliwa na programu. Alifungiwa miaka mitatu na kuvuliwa u-grandmasta, lakini cheo cha chini yake, cha masta wa kimataifa, alibaki nacho. Swali lililoulizwa pale lilikuwa kama kazi ilifanyika kwa haki. Kama alikuwa bado anashinda halikuulizwa, na sioni kwa nini liulizwe kwa mwingine yeyote.