Chumba cha waandishi au meza ya mtu mmoja?

Mwaka 1950 televisheni ya NBC ya Marekani ilianza kurusha Your Show of Shows, vichekesho vya dakika 90, mubashara, kila Jumamosi usiku. Mzigo huo haubebeki na mtu mmoja. Waandishi wakawekwa chumba kimoja New York, Mel Tolkin akiwa mkuu wao, na miongoni mwao walikuwamo Lucille Kallen, Mel Brooks na Neil Simon.

Wanaokitetea chumba husema kichekesho ni kama utani: lazima awepo mtani wa kukujibu. Ukitoa mzaha na wenzako wakanyamaza, umejua papo hapo kuwa haufai. Mtazame Brooks. Alitoka hapo, mwaka 1965 akaunda kipindi cha vichekesho cha televisheni Get Smart pamoja na Buck Henry, kisha akaandika peke yake mswada wa filamu The Producers, uliompa Oscar mwaka 1969. Kwangu mimi, sikio lile lilinolewa chumbani.

Lakini chumba nacho humeza watu. Mzaha ukizaliwa asubuhi hupita midomo mingi, na jioni hauna mwenyewe. Kallen alikuwa nguzo ya kipindi kile tangu mwanzo, lakini ni wangapi leo wanalijua jina lake kama wanavyolijua la Brooks? Mwenye sauti ndogo hufunikwa na wenye kelele, hata kama wazo lake ndilo bora.

Uingereza kuna mfano wa upande wa pili. Vichekesho vya televisheni Fawlty Towers viliandikwa na watu wawili tu, John Cleese na Connie Booth: sehemu 6 mwaka 1975, nyingine 6 mwaka 1979, basi. Mpangilio wake, ambapo uongo mdogo wa mwanzo unarudi kumnasa aliyeusema mwishoni, unataka vichwa vichache na muda mwingi. Hilo nalikubali. Ila tusisahau kwamba Cleese alikuwa ameshapikwa katika kundi la vichekesho la Monty Python.

Ndiyo maana naona waandishi wa filamu na televisheni wa Marekani walikuwa na haki walipogoma siku 148 mwaka 2023. Studio na majukwaa ya mtandaoni yalikuwa yakiajiri wachache kwa wiki chache, kisha kuwaachia kabla kamera hazijawashwa. Kijana hakupata kuona sentensi yake ikifia mdomoni mwa mwigizaji, na hilo ndilo somo lenyewe la kazi hii. Mkataba mpya uliweka idadi ya chini ya waandishi kulingana na urefu wa msimu, isipokuwa pale mwandishi mmoja anapoandika sehemu zote. Msamaha huo ni wa haki, maana kazi ya vichwa vichache, kama ya Cleese na Booth, haitengenezwi kwa kulazimishiwa watu. Hata hivyo, atakayekabidhiwa msimu mzima peke yake ni yule mwenye jina tayari. Asiye nalo bado anahitaji kiti chumbani, karibu na Tolkin wake.