Lalitamba bado anahutubia

Nilipokuwa nasoma Bengaluru, India, nilipanga chumba cha juu, mwenye nyumba wangu na mumewe wakikaa chini. Jioni moja nilishuka kulipa kodi nikamkuta yule mama anacheka peke yake, simu kaiegemeza kwenye kopo la sukari. Anti, nilimwita hivyo maana huko mwanamke aliyekuzidi umri ni anti tu, kama kwetu. Alikuwa anatazama Silli Lalli, mchezo wa kuchekesha wa runinga kwa Kikannada, lugha ya huko. Kila mwigizaji alipofungua mdomo, Anti alikwishamtangulia kwa maneno.

Mchezo huo ulirushwa miaka ya 2000 na ETV Kannada, runinga ambayo leo inaitwa Colors Kannada. Ni watu wa nyumbani, sebule, mlango, na mlango haukai umefungwa. Yuko Daktari Vittal Rao, aliyeigizwa na Ravishankar. Yuko Lalitamba, aliyeigizwa na Manjubhashini, mama aliyejipa cheo cha "samaja sevaki", yaani mtumishi wa jamii, wala haionekani kuna aliyemtuma.

Kikannada changu wakati ule kiliishia kwenye kuomba maji na kuuliza bei ya nyanya, lakini Lalitamba nilimwelewa siku ile ile. Namjua. Yumo kwenye kila kamati ya harusi mtaani kwetu, na hata msibani lazima apewe dakika mbili, ambazo hazijawahi kuwa mbili. Nadhani ndiyo maana mchezo hauchakai: hakuna anayejirekebisha. Tamthilia za siku hizi zinataka mkwe mbaya atubu na aliyepotea arudi kabla ya msimu kwisha. Lalitamba kesho ataamka na hotuba nyingine, basi.

Kuna sababu nyingine, na hii wengi huisahau. Kwa miongo mingi watu wa filamu na runinga za Kikannada walikataa kabisa kazi za lugha nyingine zitiwe sauti ya Kikannada. Si sheria iliyoandikwa, ila aliyethubutu alikiona. Mpaka katikati ya miaka ya 2010 ndipo tume ya ushindani ya India ilipowatoza faini. Mimi niliyekulia kwenye filamu za kutafsiriwa, na ninayerudi nyumbani kuwakuta dada zangu wamezama kwenye tamthilia za Kituruki zenye sauti za Kiswahili, siwezi kuusifu ukali ule wote. Mtazamaji alinyimwa mengi. Lakini aliyetaka kuchekesha watu kwa Kikannada alilazimika kukaa chini akaandika kwa Kikannada. Matokeo yake unayasikia: mke hamtaji mumewe jina, anamwita "rii", na kwa neno hilo moja, kulivuta au kulikata, unajua kama leo kuna chakula au kuna kesi. Hilo utalitafsirije? Na katika jiji ambalo ukitoka nje unakutana na Kitamil, Kitelugu, Kiurdu na Kihindi kabla hujafika kituo cha basi, naona kusikia lugha ya sebuleni kwako ikichezewa hivyo ni raha ya pekee.

Mtayarishaji wake ni Sihi Kahi Chandru. "Sihi kahi" maana yake tamu na chungu, na ni jina la mchezo wa zamani wa Doordarshan, runinga ya serikali ya India, alioigiza yeye na Geetha, mkewe. Wote wawili jina likawaganda. Siku ya Ugadi, mwaka mpya wao, watu wa Karnataka, jimbo lenye Bengaluru, hula mwarobaini pamoja na sukari guru. Anti alinipa kijiko, nikakunja uso, akacheka kama anavyomcheka Vittal Rao.

Chandru huyo huyo ndiye aliyetuletea Papa Pandu, mchezo wa mume mnyonge na mkewe Srimathi aliye moto. Wako watakaonipiga mawe, lakini mimi unanichosha. Mume kuogopa mke ni kichekesho kimoja, na kichekesho kimoja hakitoshi jioni zote hizo. Silli Lalli kila mtu ana wazimu wake.

Jioni ile ya kodi Anti alipoinua macho na kuniona mlangoni aliuliza, "Oota aytha?" Umekula? Nilikuwa nimeshiba wali. Nikasema bado, akanisogezea kiti.